Kununa Mpaka Jumatatu

Katika darasa la chekechea la Mwalimu, kitabu kilichochakaa kuliko vyote kilikuwa cha kifaru na kinyonga. Jalada lilishikiliwa na selotepu, na kona za kurasa zilikuwa zimelainika kwa vidole vya watoto. Kisa chenyewe chepesi. Kifaru ana mbio lakini macho yake mabovu, kutwa anagonga miti. Kinyonga anaona mbele na nyuma kwa pamoja, lakini kutoka tawi hili hadi lile kwake ni safari. Siku moja kinyonga anapanda juu ya pembe ya kifaru, na tangu hapo mmoja anakuwa macho, mwingine anakuwa miguu.

Watoto hawakuchelewa kuwaona hao wawili humo humo darasani. Kulikuwa na binti wa fundi magari, mwili umeupita umri, asiyejua kutembea: ukimwita anakuja mbio, na akija mbio lazima kiti kianguke. Halafu kulikuwa na mtoto wa mama mmoja aliyefua na kupiga pasi nguo za watu, mvulana mwembamba aliyezaliwa na moyo mbovu. Akikimbia kidogo tu, midomo inageuka rangi. Basi wakabatizwa Kifaru na Kinyonga, na wenyewe wakayapenda majina hayo kuliko yale waliyopewa na wazazi. Wakati wa mapumziko Kifaru alimbeba mwenzake mgongoni, akazunguka naye uwanja mzima, naye Kinyonga huko juu akitoa amri kama bosi: "Kulia! Kulia, we! Huo si ukuta huo?"

Ijumaa moja wakagombana. Kila mmoja alitaka kukishika kitabu yeye, wakavutana, ukurasa ukachanika. Kifaru alilia kwa hasira mpaka kamasi zikamtoka.

"Usinipande tena! Nenda kwa miguu yako!"

Kinyonga alimgeuzia kisogo. Mwalimu akawatenganisha, akabandika ukurasa, akaendelea na shughuli zake. Magomvi ya namna ile aliyaona kila siku.

Jumapili Kinyonga alizidiwa, akapelekwa hospitali, na jua halikuzama akiwa hai.

Mwalimu mkuu, mama mwenye nia njema aliyeogopa wazazi kuliko kitu chochote, alimwita Mwalimu ofisini Jumatatu kabla ya kengele.

"Tuwaambie amehama."

"Amehama?"

"Watoto wadogo hawa, wataelewa nini? Leo uwaambie habari za kifo, kesho nijaziwe wazazi mlangoni. Amehama, basi."

Mwalimu alikubali. Ukweli ni kwamba hakuwa na uhakika kama sauti yake ingeweza kusema neno lile jingine. Akawaambia watoto mwenzao amehama, wakauliza kama huko alikohamia kuna bembea, akasema zipo. Kisha akakichukua kitabu cha kifaru na kinyonga, akakificha kabatini nyuma ya maboksi ya chaki.

Wengine walisahau haraka. Kifaru ndiye aliyebadilika. Aliacha kukimbia. Akawa anatembea akiambaa na ukuta, miguu akiiburuta, na akiitwa anafika wenzake wamekwisha kaa. Hakuangusha kiti tena. Mwalimu mkuu alisifu, "Huyu binti siku hizi ana adabu."

Siku moja baada ya masomo baba yake alikuja, ovaroli imejaa grisi, akasimama mlangoni kana kwamba sakafu ilikuwa safi mno kwake.

"Mwalimu, mwanangu kuna mtu kamfanya nini hapa?"

"Kwa nini, baba?"

"Nyumbani ana mdogo wake, anatambaa. Zamani ukimkataza kumbeba ni vita. Sasa mtoto akimshika mgongoni, anamtoa. Mama yake kamuuliza kisa nini, kasema akimbeba mtu, huyo mtu atahama."

Mwalimu alikaa kwenye kiti cha watoto, magoti yakamfika kifuani. Akamweleza fundi yote: moyo, Jumapili, ukurasa uliochanika, uongo. Fundi alisikiliza huku akijifuta vidole kwa kitambaa ambacho kilikuwa kichafu kuliko vidole vyenyewe.

"Mwambie wewe," alisema mwishowe. "Mimi nikianza nitalia, nimtishe bure."

Walimkuta nje, amekaa kwenye ngazi na begi lake mgongoni. Mwalimu akachuchumaa mbele yake.

"Mwanangu, nilikwambia uongo. Mwenzako hakuhama. Amekufa. Moyo wake ulikuwa mgonjwa tangu alipozaliwa, ukachoka, madaktari wakashindwa. Wewe hukufanya lolote."

Binti alivua begi, akaliweka magotini.

"Harudi?"

"Harudi."

"Alikuwa amenikasirikia?"

Kusema hapana kulikuwa rahisi, neno lenyewe lilikuwa limeshafika mdomoni. Lakini alikuwa amekwisha mdanganya mtoto huyu mara moja, na matokeo yake yalikuwa yamekaa mbele yake kwenye ngazi.

"Sijui," akasema. "Sikumwona tena baada ya Ijumaa."

"Nani anajua?"

"Labda mama yake."

"Twende basi."

Wakaenda, watatu, Mwalimu akitangulia kwa kuwa aliijua nyumba. Mama alikuwa na chumba kimoja kilichogeuzwa pia kuwa mahali pa kazi. Mashati ya watu yalining'inia kwenye kamba kutoka dirishani hadi mlangoni, na yeye alisimama katikati na pasi mkononi. Mwalimu hakuwa amefika hapo tangu siku ya mazishi. Alitoa salamu, kisha aibu ikamfanya aungame kabla hata hajakaribishwa: shuleni watoto waliambiwa mwenzao amehama.

Mama aliisimamisha pasi.

"Kahamia wapi?"

Mvuke ulitoka kwenye pasi, ukaisha.

"Hapana, niambieni. Mimi mama yake sijaambiwa. Kahamia wapi, nami nifungashe?"

"Utusamehe, dada," alisema Mwalimu. Alitazama chini.

Binti ndiye aliyesogea, akipita chini ya mashati.

"Mama, nilimwambia asinipande tena. Alinikasirikia?"

Fundi alinyoosha mkono amvute nyuma, lakini mama alimzuia kwa jicho. Akakaa kwenye ukingo wa kitanda, macho yake yakawa usawa mmoja na ya mtoto.

"Sana," alisema. "Alifika hapa amevimba kama andazi. Kula hataki, kaoga kwa kelele. Nikamuuliza, akasema Kifaru si rafiki yake tena. Akasema atakununia mpaka Jumatatu."

"Mpaka Jumatatu tu?"

"Jumatatu tu. Nikamwambia mbona siku chache hivyo. Akasema, 'Mama, sasa nikinuna Jumanne nitazungukaje uwanja?'"

Kicheko kilimtoka mama ghafla, kifupi. Kabla hakijaisha kikawa kilio, akaifunika sura yake kwa shati la mteja alilokuwa ameshalinyoosha. Binti naye akaanza kulia, kwa sauti, mdomo wazi, kilio ambacho alikuwa amekizuia siku zote hizo. Mama akamvuta akamkumbatia, mzito vile alivyo, wakaegemeana. Fundi akatoka nje. Mwalimu akabaki amesimama kati ya nguo za watu, akiona kwamba hapa hakuwa na la kufundisha.

Asubuhi iliyofuata aliwaambia watoto wote. Mwalimu mkuu aligomba sana. Wazazi wawili walikuja juu, mmoja akamhamisha mwanawe. Mwalimu alipewa onyo, akalipokea bila kujitetea.

Watoto wenyewe waliuliza maswali yao. Je, kule kaburini ana viatu? Je, moyo wangu mzima? Mmoja, mkorofi wa mstari wa nyuma, akauliza, "Na kile kitabu nacho kimekufa?"

"Hapana. Kipo."

"Basi tusomee."

Mwalimu alikitoa kabatini, akakipangusa vumbi la chaki. Alipofungua tu, binti wa fundi alisimama, akatembea polepole hadi nje, akakaa kwenye ngazi. Mwalimu hakumwita. Alisoma mpaka mwisho, akirudia sentensi zilizomponyoka, na watoto wakamsubiri.

Baada ya muda kichwa kikachungulia mlangoni.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Haya," alisema, akaingia, akaenda kukaa mahali pake.