Shukrani za Magazeti

Ottilie, mshonaji wa mavazi katika studio ya filamu, alitema hewani mara tatu juu ya bega la kushoto la Wiltrud Harms, tu, tu, tu, naye Wiltrud akafumba mdomo asije akasema asante. Waigizaji wote wa Hamburg walijua kwamba anayeitikia dua hiyo ya heri kwa shukrani huifukuza bahati yake mwenyewe. Kwa hiyo miaka ishirini alikuwa akitoka chumba cha mavazi kama bubu, na asante zote za mshonaji yule zilibaki moyoni.

Leo zilitaka kutoka. Tangu televisheni ziingie majumbani, watu hawaendi tena sinema. Studio ilikuwa inafungwa, na kesho Ottilie angehamia Bremen kwa binti yake. Katika filamu Wiltrud alikwisha kuwa mwenye nyumba, muuguzi, jirani mbeya na mjane wa kila aina, na jina lake halikuwahi kuandikwa kwenye bango. Lakini leo, kwa mara ya kwanza, kamera ingeusogelea uso wake peke yake. Alitaka uso huo utoke vizuri, na alitaka kushukuru kabla hawajaagana. Mambo hayo mawili hayakuiva chungu kimoja.

Aliikumbuka filamu yake ya kwanza, majira ya baridi baada ya vita. Makaa hayakuwepo, naye alivishwa gauni la kiangazi, akatetemeka hata mwongozaji akaagiza aletwe mwingine. Ottilie aliomba asubiriwe kidogo, akamshonea magazeti makuukuu ndani ya bitana. Wiltrud akasimama imara, akasema sentensi yake moja, na riziki yake ikaanzia hapo.

Safari hii alikuwa mama anayemfungulia mlango mwanawe aliyerudi kutoka kifungoni. Mama huyo hakupewa neno hata moja; kazi yake ilikuwa kumtazama. Wiltrud alimtazama, kamera ikasimama, naye akamwendea Ottilie moja kwa moja.

“Mama Otti, asante. Kwa yale magazeti, na kwa yote.”

Ottilie alijifanya anatafuta pini, akapangusa pua. Papo hapo mpiga picha akatangaza kwamba unywele umenasa ndani ya kamera, itabidi warudie.

Wiltrud alimgeukia Ottilie. “Nimeiharibu mwenyewe. Nimeshukuru mapema.”

“Mwanangu, mvi zote hizo na bado una akili za kitoto,” Ottilie alisema, akimnyoosha kola. “Hizo zilikuwa za magazeti. Za leo hujazisema, na usithubutu kuzisema.”

Akatema tena, tu, tu, tu.

Wiltrud alifumba mdomo, akarudi kwenye mwanga akiwa na furaha iliyomjaa kifua. Alipofungua mlango, kijana alikuwa amesimama kizingitini, na nyuma ya bega lake, penye giza, alisimama Ottilie na pini zake mkononi. Wiltrud akawatazama wote wawili.