Fundi wa Upande wa Pili wa Friji

Jumanne asubuhi fundi friji alikuwa akizikagua friji zilizoshushwa kwenye kontena wiki ile. Zilikuwa arobaini, na karatasi ilisema zote nzima. Nzima zilikuwa tatu. "Karatasi haina haya," alisema shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, akizikokota zilizokufa hadi uwanjani nyuma ya karakana, ambako kisima cha jirani kilikuwa kimeanza kunuka mafuta.

Friji ya kumi na moja haikuwa na ukuta wa nyuma. Mahali pake palikuwa na chumba chenye taa nyeupe, na mzee mmoja ameketi akifungua nati.

Fundi akapiga hodi.

"Karibu," mzee akajibu, bila kuinua kichwa.

Kila mmoja alisema lugha ya kwao na wakaelewana. Mzee alieleza kwamba kazi yake ni kupakia friji chakavu za nchi yake, na kwamba ameambiwa zinakwenda kutengenezwa. Fundi hakubishana naye. Alimwambia achungulie. Mzee akafuta miwani, akapenyeza kichwa, akautazama uwanja kwa muda mrefu.

"Hizi nimezipakia mimi," akasema.

"Na mimi ndiye ninayezizika. Pole yetu sote."

Tangu siku hiyo wakafanya kazi pamoja. Mzee alipitisha mashine ya kunyonya gesi, ambayo kwao kila karakana inayo, na gesi ikaingia mtungini badala ya kuachiwa hewani. Fundi naye alimfundisha kufufua kompresa za aina ambayo mzee alikuwa akiitupa kwa miaka thelathini. Shemeji alilalamika kuwa baridi ya upande ule inamuuma magoti, akapitishiwa koti. Mwezi ulipoisha friji tisa zilikuwa zimepona, na ya kwanza ilikwenda kwa nesi wa zahanati, aliyekuwa akihifadhi chanjo kwenye ndoo ya barafu. Nesi hakuuliza ilikotoka. Aliweka kipimajoto ndani, akasubiri, akakisoma, akalia kidogo.

Mzee alimwita mkubwa wake aje aone. Mkubwa aliinama, akamwamkia fundi kwa heshima, akasifu ushirikiano wa mataifa katika kutunza mazingira, kisha akasaini karatasi za meli inayofuata: friji sitini, zote nzima.

Meli ilifika. Fundi alivaa glavu, shemeji akavuta mpira wa mashine. Upande wa pili mzee alikuwa ameshakunja mikono ya shati.

"Tuanze na ipi?" akauliza.

"Iliyo karibu," fundi akasema, wakaishika, mmoja huku, mwingine kule.