Kombolela ya Vitufe Vitatu

Usiku wa kuamkia leo niliota vitufe vya simu yangu vimejificha na vimegoma kutoka, na aliyeviambia vijifiche nilikuwa mimi mwenyewe.

Kwanza nieleze nililala vipi. Mke wangu, Mwanamvua, amejifungua mtoto wa kike, na leo ndiyo siku ya saba, siku ya kunyoa nywele na kutoa jina. Kwetu Muheza mtoto wa kike wa kwanza hupewa jina la bibi yake mzaa baba. Mama yangu aliitwa Siwema, naye alitangulia mbele ya haki kabla hajamwona mkwe wala mjukuu. Jina hilo nilikuwa nalitaka kuliko kitu chochote. Lakini sisi tunaishi Mafia, kwa wakwe zangu, na mama mkwe wangu, Bi Hadia, anayemlea mzazi, alishaamua kwamba mtoto ni Chausiku kwa sababu kazaliwa usiku. Nami nimelelewa kwamba mkwe habishiwi. Akipita ukumbini, nainuka. Akisema, naitika "ndiyo, mama". Akimaliza, nainamia simu na kucheza mpira.

Mpira wenyewe ni wa humo humo kwenye simu, na nilikuwa nafungwa kwa sababu ya kipuuzi. Kila nikilikaribia goli, kidole gumba kinagusa kile kitufe cha duara chini ya kioo, cha kurudi mwanzo, na mchezo wote unatoweka. Basi jana jioni nikaingia kwenye mipangilio, nikaamuru vitufe vyote vitatu vifichwe wakati wa mchezo. Mwanamvua akaniuliza lile jina nitalisema lini kwa mama yake. Nikamjibu kesho, nikimaliza fainali. Akageukia ukutani. Nikalala na simu kifuani.

Mara niko uwanjani. Nyasi ni za kijani kikali, hazina hata jani moja lililokanyagwa. Timu pinzani ni majokofu, maana kazi yangu ni kutengeneza majokofu, na mengine nayafahamu. Beki wa kushoto nilimtia gesi mwezi uliopita. Kiungo wao bado ana ule mlio niliomwambia mwenye jokofu kwamba utaisha wenyewe. Ananiangalia vibaya.

Refa ni mama mmoja mrefu, kajifunga kanga kiunoni, na pindoni kafunga mafungu ya funguo. Anajitambulisha kuwa yeye ni Bi Mipangilio.

"Ni wewe uliyesema vitufe vijifiche?"

"Ndiyo, ni mimi."

"Mpaka lini?"

"Mpaka nishinde."

"Haya," anasema, na anapuliza filimbi.

Wanatoka watatu kutoka chini ya nyasi, kila mmoja na fulana yenye alama yake kifuani. Wa kwanza, aitwaye Nyuma, ana pembetatu, ni mwembamba, na anatembea kinyumenyume bila kujikwaa. Wa pili, Nyumbani, ana duara, tumbo linamtangulia, ananukia wali wa nazi. Mraba ana mabega yaliyonyooka na macho ya mtu anayekumbuka kila ulichokifungua. Wananishukuru kwa zamu. Tangu simu itoke dukani hawajapata hata siku moja ya mapumziko.

Mraba anataka kujua wajifiche kwa namna gani, kwa kukimbia kazi au kwa kombolela. Nami kwa kuwa nilikuwa na haraka ya kupiga mpira nikamwambia kombolela. Hilo ndilo lilikuwa kosa. Mtu aliyekulia Muheza alipaswa kujua anasema nini.

Katika kombolela anayetafuta hulinda kopo. Akimwona aliyejificha, hutaja jina lake na kukimbia kuligonga kopo. Akikosea jina, anarudi kuhesabu upya. Na yeyote aliyejificha akiwahi kulipiga kopo teke, wote wako huru, na anayetafuta ana kazi tena. Bi Mipangilio anaweka kopo la maziwa katikati ya uwanja na kunikabidhi rasmi. Wale watatu wanatimua mbio huku wakicheka, na Nyuma kwa mwendo wake ule anawaacha wenziwe mbali.

Walipokwisha kupotea uwanja ukapanuka. Pale walipokuwa wamesimama pakaota nyasi, na pembeni hakukuwa na kitu chochote cha kunikwaza. Nikachukua mpira. Nikampita yule mwenye mlio. Kipa ni jokofu la milango miwili, na mimi nikapiga kwa mguu wa kushoto, ambao nikiwa macho sijui kuutumia. Kipa anafungua mlango kwa adabu, mpira unaingia, taa ya ndani inawaka.

Goli. Majokofu yote yananguruma kwa pamoja, hata kipa niliyemfunga. Wananibeba juu juu na kunipa kombe la barafu. Nilifurahi, sitaki kudanganya, nilifurahi kuliko nilivyowahi kufurahi nikiwa macho.

Nikiwa bado huko juu, anateleza kutoka mbinguni kibwana kidogo chenye kengele. Anasema yeye ni Arifa.

"Kwenu mkeka umeshatandikwa," ananisomea. "Shehe kafika, wembe umenolewa, na mama mkwe wako kasafisha koo, sasa hivi anataka ku..."

Nikamwuliza anataka kufanya nini. Akasema ujumbe umekatika hapo, nimbonyeze kama nataka kusoma zaidi. Nikambonyeza kwenye paji la uso.

"Anataka kutaja jina," akamalizia, na kupaa.

Kombe likaanza kunidondokea maji. Nikashuka kutoka mabegani mwa majokofu, nikapiga magoti pale aliposimama Nyumbani, nikabonyeza nyasi kwa kidole gumba. Hakuna kitu. Nikabonyeza kwa viwiko. Nikalala kifudifudi, nikabonyeza kwa mwili mzima. Bi Mipangilio ananitazama bila kinyongo.

"Umeshinda, hongera," anasema. "Sasa watafute."

Nikamwomba anipe njia nyingine ya kwenda kwetu. Akapekua funguo zake zote, akasema nyingine ilikuwepo, lakini niliifunga jana kwa mkono wangu, na nilipoulizwa kama nina hakika nilijibu ndiyo bila kusoma. Kilichobaki ni kwenda ukingoni mwa kioo na kuvuta juu kwa kidole. Hapo wanachomoza kidogo, halafu wanajificha tena.

Nakwenda ukingoni. Uwanja unaishia kwenye upindo, kama wa pazia. Nauvuta. Chini yake vinachomoza vichwa viwili, na kifua kimoja chenye fulana ya mraba.

"Nimekuona, Mraba."

Nakimbia na kuligonga kopo. Mwenye fulana ya mraba anatoka polepole, kinyumenyume.

Walikuwa wamebadilishana fulana. Na ule mchezo wa kubadilishana fulana nyuma ya mihogo nilikuwa nao mimi utotoni, na kuna binamu yangu aliyewahi kulia kwa ajili yake. Mkuki kwa nguruwe. Majokofu yanacheka mpaka milango inafunguka na barafu inamwagika. Nami narudi kwenye mwamba wa goli, nafumba macho na kuhesabu upya.

Safari ya pili siangalii fulana, naangalia miguu. Nyuma nampata kwa visigino vyake. Mraba nampata amesimama nyuma ya bendera ya kona, kanyooka nayo, na nilipomtaja hakubisha. Akaanza kunisomea habari zangu za karibuni, kwa sauti, mbele ya watu. Kwamba niliwasha tochi ya simu nikaitafuta tochi. Kwamba nilifungua picha ya mama yangu, nikaitazama, nikaifunga. Kwamba nilifungua kinywa nimwambie mama mkwe habari ya jina, nikakifunga bila kuhifadhi.

"Hilo la mwisho limejirudia," akaongeza. "Nilipange pamoja, au nilisome moja moja?"

Nikamsihi aache. Nyumbani haonekani popote. Nyuma akanigusa begani, akasema yeye keshakamatwa, hana budi kunitii, na kwamba kwa uzoefu wake Nyumbani hujificha huko nyuma. Akanigeuzia mgongo nimbonyeze.

Nambonyeza. Niko ukumbini jana jioni, nampelekea Bi Hadia chai, nasema "ndiyo, mama". Nambonyeza tena. Niko kwenye harusi yangu, shati linanibana shingoni, Mwanamvua ananicheka. Tena. Niko shuleni, nimeshika kifutio cha mtu. Tena.

Niko kwenye uwanja wa nyumba uliofagiliwa. Udongo ni mwekundu, ule wa Muheza, na pembeni iko michungwa. Kopo langu la maziwa limefika kabla yangu. Karibu na nyumba kuna pipa la maji, na nyuma ya pipa kachuchumaa msichana mdogo, miguu mitupu. Nyuma ya msichana kajificha Nyumbani, na kwa kuwa yeye ni mnene na mtoto ni mwembamba, anaonekana pande zote mbili.

"Usimtazame huyo," msichana ananiambia. "Aliyejificha ni mimi."

Anainuka, anasimama kwa mguu mmoja, na kwa ule mwingine anajikuna shavu la mguu. Mama yangu alikuwa akisimama hivyo hivyo jikoni akingoja maji yachemke. Nilitaka kucheka na kulia, nikakosa lipi lianze.

"Sema jina langu," anasema. "Usipolisema hujaniona."

Nageuka nitazame kopo liko mbali kiasi gani. Na hapo naona kwamba katikati ya uwanja ule wa Muheza umetandikwa mkeka, na juu ya mkeka wamekaa shehe, Bi Hadia, na Mwanamvua kampakata mtoto wetu. Bakuli la maji liko tayari, na wembe. Kila mtu ananitazama mimi.

"Tunakungoja wewe, baba," anasema Bi Hadia.

Nainuka kwa heshima, kama kawaida yangu. Na kwa kuwa nilikuwa nimesimama tayari, miguu inaachana na ardhi. Naelea. Shehe anavuta kitabu chake pembeni nisije nikakidondokea. Natapatapa kwa mikono, kopo liko chini, mtoto yuko chini, na kadiri ninavyozidi kuona haya ndivyo ninavyozidi kupanda. Nilipofika usawa wa machungwa nikaogopa kweli kweli. Nikaona kwamba heshima hii itanifikisha mawinguni, na mwanangu ataitwa huko chini nisisikie hata ameitwa nani.

"Mama," nikasema kutoka kule juu, "naomba radhi. Huyu ni Siwema. Nimemwona."

Nikashuka taratibu, nikatua mbele ya pipa.

"Hujakosea," msichana akasema.

Kwa sheria alikuwa amekamatwa, kilichobaki nigonge kopo tu. Lakini mama yangu, kwa ushuhuda wa kaka zake wote, hakuwahi kukubali kukamatwa. Akanipita mbio, vumbi jekundu likatimka, akalipiga kopo teke kwa mguu wa kulia, likaruka juu ya mkeka, juu ya shehe, juu ya michungwa. Akapaza sauti, "Kombolela!" Mraba na Nyuma wakarushiana fulana hewani. Mwanamvua akapiga kigelegele. Nyumbani akatoka nyuma ya pipa akijipangusa, akanijia, akanyoosha kidole chake kinene, akanibonyeza mimi kifuani.

Nikaamka. Kumekucha, simu iko kifuani, na kutoka chumba cha pili nasikia maji yakimiminwa kwenye beseni. Bi Hadia anauliza, bila ukali, ni nani aliyemtoa mtoto nje.

Mwanamvua anaapa hakuna. Mtoto hatolewi nje kabla ya siku ya saba, na hilo yeye analijua toka hajaolewa. Mlango usiku ulifungwa na mama mwenyewe, kwa komeo.

Nikasimama kizingitini. Bi Hadia amempakata mtoto, ameshika mguu wake wa kulia baina ya vidole viwili. Ule mguu haujawahi kugusa chochote ila kanga. Kwenye kidole gumba, na katikati ya vidole vyake vidogo, umeshika udongo mwekundu. Huku Mafia tunaishi juu ya mchanga mweupe, na ua wetu ni mweupe mpaka barabarani.

Bi Hadia akaukwangua kidogo kwa ukucha, akaunusa.

"Huu si wa hapa," akasema. "Wa wapi huu, baba?"

"Wa Muheza, mama," nikamjibu. Miguu yangu ilikuwa chini, niliitazama kuhakikisha. "Wa uwanjani kwa bibi yake. Kwa marehemu mama yangu, Siwema."

Akanitazama, mimi na simu yangu mkononi. Mwanamvua aliinama kwenye beseni, lakini nilimwona anatabasamu. Kisha Bi Hadia akachovya kitambaa majini, akaufuta ule mguu taratibu, kidole kimoja kimoja, akamwinamia mtoto.

"Siwema, mjukuu wangu," akamwambia, "siku nyingine ukitoka, uwe unaaga."