Povu Bila Sukari

Kidonda cha Baba kilikuwa chini ya kidole gumba cha mguu wa kushoto, na kwa miezi mitatu kilikuwa kinafunga mdomo Jumatatu na kuufungua Alhamisi. Baba ni fundi viatu. Anakaa chumba cha mbele, mlango wazi kwa barabara, anashona soli za watu, na yeye mwenyewe mguu mmoja kiatu, mwingine kandambili. Wateja walimtania: "Fundi, hata wewe umekosa fundi?" Alicheka nao. Wakishaondoka, anainama kuutazama mguu wake kama mtu anayesoma barua mbaya.

Muuguzi wa zahanati alimwambia mbele yangu, bila kuzunguka. Sukari iko juu. Ikikaa huko, kidole kitakatwa, na huenda wasiishie kwenye kidole. Dawa anameza, chakula amepunguza. "Kuna kitu gani kitamu bado unatumia, mzee?"

Baba akatazama dari. Nikajibu mimi. Maji ya magome, jagi zima kila siku, na sukari ya kusimamisha kijiko.

Maji hayo anayapika shangazi yangu, dada mkubwa wa Baba, nyumba ya pili kutoka kwetu. Mtaa mzima unamwita Bi Povu. Anachemsha magome makavu ya mti kuanzia asubuhi hadi alasiri, mpaka maji yanakuwa meusi. Akishayapoza anatia sukari, halafu anayamimina kutoka jagi hili kwenda lile, mkono mmoja juu ya kichwa, mwingine usawa wa kiuno, mpaka povu linapanda na kukaa. Akitaka kuringa analaza kijiti cha kiberiti juu ya povu, na kijiti hakizami. Alijifunza kwa mama yao, yaani bibi yangu. Baba ameyanywa tangu hajaota meno. Akifurahi anakunywa, akinuna anakunywa.

"Kuyaacha siwezi," aliniambia tulipotoka zahanati. Tulikuwa tunatembea polepole, ameshika bega langu. "Mkate wameninyima, wali wananipimia kwa kikombe. Hicho kimoja waniachie."

"Na mguu?"

"Mguu ni wangu."

"Ni wako, lakini atakayeuosha ni mimi, atakayeufunga ni mimi, na ukikatwa atakayekubeba kwenda chooni ni mimi."

Tulipofika kwenye kona akasimama. "Haya. Nitengenezee yasiyo na sukari. Nikimaliza glasi nzima bila kukunja uso, ya dada yangu nimeacha. Nikishindwa, habari ya magome usiniletee tena mpaka nizikwe. Tumeelewana, mama?"

Huniita mama kwa sababu nimepewa jina la mama yake. Nikamwambia tumeelewana. Tulitakiwa kurudi zahanati baada ya wiki nane.

Nikaenda kuomba magome kwa shangazi. Alicheka mpaka akatafuta pa kukaa.

"Bila sukari? Na povu utalitoa wapi, kwenye sabuni?"

"Shangazi, nipe tu kidogo nijaribu."

"Sukari ndiyo inayoinua povu, mtoto wewe. Mama alituambia, na mama hakuwa mtu wa mchezo." Hata hivyo alinifungia magome kwenye gazeti. "Chukua. Ukalie jikoni kwenu, usije kulia hapa."

Mara ya kwanza nilipika kama yeye, asubuhi hadi alasiri, nikaacha sukari tu. Baba alipiga funda moja. Kulikuwa na mteja, kwa hiyo hakutema. Alimeza, macho yakamtoka maji.

"Mama," akasema taratibu, "haya ni ya kutengenezea ngozi. Mimi nashona ngozi, sijawa ngozi."

Mara ya pili nikaongeza maji maradufu. Baba akayazungusha mdomoni, akafikiri. "Haya yamepita karibu na magome, wakasalimiana, yakaendelea na safari."

Wiki mbili zikawa zimekwisha, na kile kidonda kilikuwa wazi. Nikaona kupikapika ovyo hakutanisaidia. Nikaacha kabisa. Nikaanza kwenda kwa shangazi kila siku kumsaidia kuosha vyombo, na nikawa naangalia.

Siku ya tatu nilichukua magome yaliyokwishapikwa, yale anayotupa, nikayatia kwenye ndoo ya maji safi ili yasinuke kabla ya kumwagwa. Nilipoitingisha ndoo, povu likapanda mpaka ukingoni. Jeupe, zito. Ndani ya ndoo ile hakukuwa na hata punje ya sukari. Nikatazama kushoto na kulia, nikalimwaga haraka kama mtu aliyeiba. Shangazi alikuwa anaimba ndani. Sikumwambia kitu.

Siku iliyofuata nikatia kipande cha gome ambacho hakijapikwa mdomoni, nikatafuna. Kwanza ilikuja harufu, ile harufu yenyewe ninayoijua tangu utotoni, ya mbao mpya na kitu kama karafuu. Uchungu haukuwepo. Nikaendelea kutafuna. Nimeosha sufuria mbili, nikiwa kwenye ya tatu ndipo uchungu ukafika, nyuma kabisa ya ulimi, na ulipofika haukutaka kuondoka. Kumbe harufu inatangulia. Uchungu unachelewa. Na sisi miaka yote tulikuwa tunaungoja uingie wote na mizigo yake, halafu tunaita sukari ije kuunyamazisha.

"Shangazi," nikamuuliza, "kwa nini yanapikwa mpaka alasiri?"

"Ndivyo mama alivyokuwa anapika."

"Na yeye kwa nini?"

"Angefanyaje? Alikuwa anafua nguo za watu. Anateleka asubuhi akienda, anaepua alasiri akirudi. Nani angemwangalizia? Sisi tulikuwa wadogo." Akaendelea kuchekecha sukari. Alilisema kama mtu anayesema leo kuna jua.

Mimi nilibaki na sufuria mkononi. Bibi hakuwa anapika kwa mapishi. Alikuwa anapika kwa saa za kazi. Angekuwa anafulia nyumba moja badala ya nyingi, pengine tungekuwa tunakunywa kitu kingine kabisa.

Nilirudi nyumbani nikabadilisha kila kitu. Magome sikuyateleka. Niliyaloweka kwenye beseni la maji ya baridi, nikakaa kando yake na kijiko cha chai, nikawa naonja, nasubiri, naonja tena. Siku ya kwanza niliyatoa mapema, maji yakawa yamepata rangi tu. Ya pili mtu alikuja kuchukua viatu vyake, nikasimama kumpa, niliporudi uchungu ulishaingia. Nikamwaga. Siku ya nne nikaupata pale pale mlangoni, unapiga hodi tu, nikayatoa magome yote kwa mkono. Maji matupu nikayachemsha kidogo na kijiti cha mdalasini na ganda la chungwa. Mwishoni nikatia chumvi, ya kushikwa kwa vidole viwili, kwa sababu nimewaona watu wakipaka chumvi kwenye balungi ili lisiwaume ulimi.

Nikayapoza kwenye jagi, nimeliweka ndani ya beseni la maji. Nikaenda chumba cha mbele.

"Baba, tayari."

Alishusha kiatu alichokuwa anakipiga msumari. "Mwite shangazi yako. Yeye ndiye atamimina. Sitaki kesho niambiwe nimependelea mtoto wangu."

Bi Povu alikuja na kitenge kipya, kama anayekwenda kwenye kesi atakayoshinda. Akalichukua jagi, akanusa, akanitazama. Akapandisha mkono juu ya kichwa.

"Nitamimina mara moja tu," akasema. "Maji matupu hayana povu, tusichoshane mikono."

Alimimina mara moja, povu likaamka. Akamimina mara ya pili bila kuambiwa. Mara ya tatu lilivimba likavuka mdomo wa jagi, likateremka mpaka kwenye kiwiko chake. Baba alikuwa anatazama povu, mimi nilikuwa namtazama shangazi. Alichovya kidole, akalamba.

"Umetia asali."

"Sijatia, shangazi."

"Umetia. Hii ni asali."

"Jikoni ni pale. Nenda katafute."

Akaenda kweli. Tulimsikia akifungua makopo, akisogeza sufuria, akiongea peke yake. Alirudi na ganda la chungwa mkononi, akaketi kwenye benchi la wateja. Akatoa kiberiti mfukoni, akalaza kijiti juu ya povu. Hakikuzama.

Baba akainua glasi.

Hakunywa haraka. Nilimwangalia paji la uso, maana ndipo anapoanza kukunja. Nilimwangalia pembe za mdomo. Koo lake lilikuwa linapanda na kushuka, linapanda na kushuka, na paji lilikuwa limenyooka kama ngozi iliyovutwa kwenye kalibu ya kiatu. Alifika nusu, akapumua, akaendelea. Aliposhusha glasi kulikuwa na povu kwenye masharubu na chini hakukuwa na kitu.

"Kuna uchungu," akasema.

Nikanyoosha mkono kuichukua glasi.

"Kuna uchungu, lakini ni ule wa kuniita nirudi. Ya dada yangu yananiaga." Akasogeza glasi mbele. "Tia nyingine. Na dada, nakuheshimu, kesho jagi langu usilijaze."

"Kesho?" Bi Povu akasema. "Na hili la leo ulilokwishaagiza?"

"Hilo nalo."

Shangazi alinuna siku tatu. Baba naye kwa siku hizo alikuwa na kisirani, akauliza mara mbili kuna ubaya gani, kijiko kimoja tu. Nilimjazia glasi. Ahadi aliiweka mwenyewe. Dawa hakuacha, kipimo cha wali hakuvuka, na mimi kila asubuhi nilikaa na kijiko changu kando ya beseni. Wiki ya tano kidonda kilifunga Jumatatu. Alhamisi nikafungua bandeji huku nimeshika pumzi. Kilikuwa kimefunga. Alhamisi iliyofuata pia.

Wiki ya nane, zahanati, muuguzi alisoma kipimo, akakisoma tena, akainama akabonyeza kidole gumba kwa kidole chake. "Kinauma?"

"Kinatekenya," Baba akasema.

"Basi hiki ni chako, mzee. Hatukigusi."

Baba aliondoka pale hajashika bega langu. Alikuwa anasalimia watu ambao hata hakuwajua, na aliyemuuliza na asiyemuuliza wote waliambiwa: kidole kipo, na aliyekiokoa ni huyu binti yangu hapa. Mimi nilitazama chini, lakini nilisikia vizuri, na sikumwambia anyamaze.

Shangazi alikuwa mlangoni kwake. Baba akapandisha mguu kwenye ngazi ya nyumba yake, akamwonyesha. Aliutazama muda mrefu, akaupapasa kwa kiganja kama anavyopapasa mtoto mchanga. Halafu akaniita ndani, mimi peke yangu. Akanipa kiti chake cha jikoni, yeye akageuza ndoo akaikalia, mbele yetu magome yanaelea kwenye maji ya baridi.

Akaonja. "Tayari," akasema.

"Bado, shangazi."

Akaonja tena. "Sasa je?"

"Bado."

"Wewe mtoto una roho ngumu," akasema, lakini hakuinuka, na moto hakuwasha.