Radhi Niliyoiomba Siku ya Idi

Watu huniuliza nilianzaje kuandika vichekesho, kama kwamba nilikwenda chuo nikapewa cheti. Mie nilipewa ukurasa wa mapishi, basi. Mwaka wa sabini na tisa jumuiya yetu ya Wazanzibari wa London ilikuwa na jarida la karatasi nane zilizobanwa kwa pini. Saba kati ya hizo wanaume walijazia siasa: nani alimgeuka nani mwaka wa sitini na nne, na nani angekuwa waziri lau mambo yangekwenda vyengine. Ya nane, ya nyuma kabisa, wakasema haya, wapewe wanawake. Mwenyekiti, Bwana Abdulwakil, akanipigia simu kazini hospitali, Lewisham, nilikokuwa karani wa mafaili. Akanambia, "Mardhiya, hebu tuandikie namna ya kupika visheti."

Visheti. Nimetoka kwetu nina miaka kumi na sita, mchana nikifanya kazi na jioni nikisoma, miaka minne ya baridi na mabasi, halafu mtu mzima na ndevu zake ananitaka visheti. Nilikasirika mpaka meno yakaniuma. Jioni ile nikakaa nikaandika mapishi kweli, lakini kichwa chake kilikuwa "Mchuzi wa Mume Aliyechacha". Chukua mume mmoja wa makamo. Mtoe barazani kwanza, maana akikaa sana pale anaota ukungu. Msuuze domo kwa maji mengi. Mtie kitunguu umwache alie kidogo, hajazoea, itamsaidia. Akipita saa mbili hajaiva, mrudishe kwa mamake, ndiye aliyemtoa mbichi.

Nikawapelekea nikijua wataukataa. Hawakuukataa kwa sababu hawakuusoma. Mwanamume gani asome ukurasa wa mapishi? Uliposhika njia haukuzuilika tena. Bharti, Mhindi wetu wa mtaa wa Hurumzi, Unguja, niliyesoma naye skuli moja, alikuwa na duka Lewisham lenye mashine ya fotokopi, akanambia wanawake wamepanga foleni mpaka nje na mashine imepata moto. Nakala zikasafiri Dubai, Maskati na Mombasa, zimekunjwa ndani ya nguo. Jumuiya walipokuja kugundua, walishaona haya kusema kuwa miezi minane walikuwa wakichapa jarida wasilolisoma.

Basi nikaendelea, na kicheko kikaniletea watu. Mwanamke akishacheka nawe, siku ya pili anakwambia linalomliza. Jumamosi tukawa tunakutana nyuma ya duka la Bharti, baina ya magunia ya mchele. Huyu tunamsindikiza Croydon kwenye ofisi ya uhamiaji, asije akatia saini asichokifahamu. Yule tunamwandikia kaunsili ya mji barua ya nyumba. Mwengine alilala kwangu sebuleni siku arubaini kwa sababu mumewe mkono mwepesi. Wanaume wakatuita wana fujo. Nami nikaliandika hilo pia.

Miongoni mwetu alikuwamo Ummukulthum. Yeye alikuwa mke wa Abdulwakil, mwenyekiti huyohuyo. Alikuwa mtulivu, mfanyakazi wa nyumba ya wazee kule Thamesmead. Abdulwakil alimtelekeza kwenye fleti ghorofa ya sita, akenda zake Luton akaoa mke mwengine. Kuoa kaoa, nani atamzuia. Lakini Kulthum talaka hakumpa. Hakuja, hakuleta matumizi, na hakumwacha. Korti ya Kiingereza ilimpa Kulthum karatasi yake ya talaka zamani. Akaitia kabatini. "Hii ya Waingereza," alinambia, "mie mbele ya Mungu bado mke wa mtu." Alitaka kumrejeshea mahari ajivue ndoa, Abdulwakil akakataa. Akenda kwa Maalim Himid, mzee wetu aliyewasomesha watoto wote Kurani chuoni tangu Unguja, naye akasema yeye si kadhi na hapa London hana mamlaka. Miaka saba ikapita hivyo. Kulthum alikuwa na miaka thelathini na saba sasa, na kuna mtu mwema alikuwa amekwisha uliza, akaambiwa angoje. Na mtoto alikuwa anamtaka. Hilo alinambia mara moja tu, akiwa amenipa mgongo akiosha vikombe.

Mie nikaingia kazini. Jina sikulitaja, lakini kila mwezi ukurasani akawemo Bwana Kufuli, mtu aliyefunga mlango wa nyumba asiyokaa akatembea na ufunguo mfukoni, usiku anauota, na akiingia msikitini anaupapasa kwanza kama upo. London nzima ikajua. Mwenyewe kuuzuia ukurasa hakuweza, maana angekuwa amekiri kuwa Kufuli ni yeye. Watoto wakamwita Kufuli mbele ya uso wake. Nikaona nimeshinda.

Siku moja Kulthum akaja kwangu, akakaa na koti lake mwilini.

"Dada Mardhiya, nikuombe kitu. Usimcheke tena."

"Kwa nini nisimcheke?"

"Kwa sababu kila ukimcheka anazidi kunikaza. Kanipigia simu jana. Kasema, mwambie mwenzako aongeze, na mie niongeze miaka."

Miaka yote ile nilijiona namtetea, kumbe kila mwezi watu wakicheka, yeye ndiye aliyekuwa akilipishwa. Nilikwenda jikoni nikasimama huko kama nimefuata kitu.

Niliporudi akanambia lililomleta hasa. Abdulwakil ametoa sharti. Mie niombe radhi mbele ya watu siku ya Idi, ukumbini, na ukurasa niuache moja kwa moja. Nikifanya hivyo atamwandikia talaka yake palepale.

Nilimkasirikia, uongo mbaya. Ukurasa ule ndio ulionitoa kwenye mafaili ya watu ukanifanya mtu. Nilikasirika mpaka chai ikapoa. Halafu nikamtazama, na koti lake, na viatu vyake vya kazini vyeupe, nikamwambia nitaomba. Nikampa na wallahi, ili nisipate pa kukimbilia.

Idi ilikuwa mwezi wa sita, mwaka wa themanini na sita. Tulikodi ukumbi Thamesmead kama kila mwaka, wanaume upande wa kulia, wanawake kushoto, watoto wakipita katikati na kaimati mikononi. Mshereheshaji ni Abdulwakil. Na lazima nimpe haki yake, mtu yule alikuwa na maneno. Harusi zote alishika maikrofoni yeye, na hakuna alichokipenda duniani kushinda ukumbi mzima kumcheka anapotaka yeye wacheke. Nadhani ndilo hasa nililomuudhi nalo.

Akaniita jukwaani baada ya chakula kugawiwa. Nikapanda na karatasi yangu. Nikasema kuwa mimi, Mardhiya, nimemvunjia heshima mwenyekiti wetu kwa muda mrefu, nimemfanya kichekesho kwa watoto na wakubwa, na namwomba radhi mbele ya Mungu na mbele ya watu. Na kwamba kuanzia leo siandiki tena ukurasa ule. Hakuna mzaha niliouficha ndani. Niliisoma kwa sauti ya kusikika. Upande wa wanawake wote waliinamisha vichwa, na Bharti, niliyemwalika kama kila Idi, alikuwa ananitazama kama mtu wa kuitiwa daktari.

Abdulwakil akachukua maikrofoni. "Mnaona, jamani. Hata paka jike ukimpa muda anakaa chini." Wanaume wakacheka.

Nikasema, na maikrofoni mkononi mwake ikainasa sauti yangu, "Bwana Abdulwakil, mie nimetimiza langu."

Watu wakajua kuna makubaliano. Nilikiona kitu kikipita usoni mwake, kwa sababu sasa akitoa talaka ataonekana katolewa na mwanamke, na asipotoa ataonekana mwongo. Akafanya lile alilozoea kufanya akibanwa. Akatafuta kicheko.

"Alaa, kumbe tumekuja sokoni," akasema. "Haya, leo sikukuu, tunagawa. Kulthum yuko wapi? Simama, mama, watu wakuone."

Kulthum akasimama kule nyuma, mkoba wake kaukumbatia.

Abdulwakil akainua kidole juu kama dalali wa mnada. "Ummukulthum binti Nassor, mke wangu, nimekuacha. Moja. Haikutosheni? Nimekuacha, mbili. Nimekuacha, tatu. Au mnataka na ya nne, niwafungieni mwende nayo nyumbani pamoja na biriani?"

Walicheka, Mungu awasamehe. Wanaume wengine walipiga meza. Yeye akangoja wamalize, maana alijua kungoja, kisha akapunga mkono. "Basi, mama, kaa. Nakutania. Talaka haitolewi kwa kelele. Nitafikiri mwakani, inshallah, mkiwa na adabu."

Mie nilikuwa bado nimesimama jukwaani. Nimeutoa ukurasa wangu, nimeutoa uso wangu, na Kulthum hakupata kitu ila kuchekwa na watu mia tatu. Nilitaka kumrukia. Wallahi nilishaanza kuvua kiatu.

Ndipo Maalim Himid akainuka. Mzee yule sijapata kumwona akimpinga mtu, hata anayemkanyaga mguu kwenye basi humwomba msamaha yeye. Alijifuta vidole kwa kitambaa, kimoja kimoja, akauliza, "Abdulwakil, umesema nini?"

"Nimetania, maalim."

"Najua umetania. Sote tumeona umetania. Nimekuuliza umesema nini."

Abdulwakil akacheka peke yake. "Maalim, ilikuwa mzaha, bwana. Sikukusudia."

"Hukuulizwa ulichokusudia," Maalim akasema, na sauti yake haikupanda. "Mambo matatu, ukiyasema kweli huwa, na ukiyasema kwa mzaha huwa. Ndoa, talaka na kurejea mke. Nilikusomesha mwenyewe ukiwa na miaka kumi na mbili. Umemtaja mkeo kwa jina lake na la babake, umetamka bila kulazimishwa, na umehesabu. Kwa madhehebu yetu ni tatu, zimepita. Huna mke hapa, wala huna rejea."

Abdulwakil akageukia wanaume wenzake. Aliwatazama mmoja mmoja, wale waliokuwa wakipiga meza. Lakini nani angemtetea? Jambo lile kila mmoja alilisoma chuoni akiwa na kofia kichwani, na kila mmoja ana mke nyumbani, kwa hiyo hakuna aliyethubutu kulifanyia mchezo. Wakazitazama sahani zao za biriani. Bibi mmoja mtu mzima aliyekaa mbele akasema, hata hakupandisha sauti, "Mzaha mzaha hutumbua usaha."

Kulthum alikuwa bado amesimama. "Maalim," akasema, "nimeachika?"

"Umeachika, mwanangu. Anza kuhesabu eda yako leo."

"Sasa hivi?"

"Tangu alipofumba mdomo."

Kulthum akakaa. Na kigelegele cha kwanza, nasema na nitasema mpaka nife, kilitoka kwa Bharti, Mhindu wa watu, aliyekuwa hata hajui vizuri hukumu imepitaje, lakini alimwona Kulthum usoni. Baada ya hapo hukusikia kitu. Wanawake mia na hamsini ndani ya ukumbi wa zege. Nami nikavaa kiatu changu, nikashuka jukwaani nikilia na kamasi zikinitoka, mbele ya kila mtu, na sikujali hata chembe.

Radhi niliyoiomba sikuirudisha. Niliahidi kuuacha ukurasa wao, nikauacha. Baada ya miezi mitatu wanawake tukatoa jarida letu wenyewe, karatasi kumi na mbili, nikiandika popote nipendapo ndani yake, nimekula mkate wangu kwa hilo miaka mingi. Wahariri wameshaniuliza kichekesho gani nilichokiandika kilichofanya kazi kubwa kushinda vyote. Huwaambia hicho sikukiandika mie. Akina Kufuli hukiandika wenyewe, ukiwaachia maikrofoni.

Lakini siku ile hatukuwaza majarida. Alasiri nilitoka na Kulthum, nikamwambia asirudi kwenye ile fleti peke yake, aje kwangu Lewisham. Tukapanda basi, tukakaa juu, mbele kabisa. Jua lilikuwa bado kali.

"Miaka saba," Kulthum akasema, "nikiamka nauliza, leo Abdulwakil kaamkaje? Ana hasira au ana raha? Maana siku yangu ilikuwa mikononi mwake. Kesho nikiamka niulize nini?"

"Uliza chai iko wapi."

Alicheka kidogo, akasema, "Chai iko wapi," kama anajaribu yatakavyosikika. Kisha akaegemeza kichwa begani kwangu, na kabla hatujafika taa za pili za barabarani alikuwa amelala, mdomo wazi, anakoroma. Mkoba ukamteleza mapajani, nikaudaka. Kituo chetu kikaja, basi likasimama, watu wakateremka. Sikumwamsha.