Neno Kando ya Jina la Kaluki

Marehemu Mutie alikuwa na ugonjwa wa Kiingereza kigumu. Miaka thelathini karani wa masjala Upper Hill, na akikutana na neno geni halali mpaka alinakili, maana yake na jinsi ya kulitamka, kisha kesho yake anamsumbua nalo kila mtu ofisini. Hata wasifu wa mazishi yake aliuandika mwenyewe, akaufungia kabatini. Watu wengine hawaachi mambo yao hata kwa kifo.

Sasa Ndanu, bintiye, alikuwa na mamake, Kaluki, katika duka la kuchapisha mtaani Hurlingham, wakipitia kijitabu cha ibada chenye wasifu huo. Muchiri, mwenye duka, alitaka jibu kabla ya saa sita.

"Hii neno iko karibu na jina yangu ni nini?" Kaluki aliuliza, akiweka kidole juu ya karatasi.

Uxorious. Ndanu hakulijua.

"Mimi nilijua," mama akasema. "Kama si mambo ya mwanamke, angeandika kitu naweza soma."

Ndanu alimwelewa. Wote wawili walikuwa wameshahudhuria mazishi ambako mke wa pili alijulikana kwa mara ya kwanza kwenye kijitabu, na watoto watatu juu. Tangu kabati lifunguliwe, mama hakuwa amekula chakula cha maana. Ndanu akaliandika neno kwenye simu, na simu ikalitamka polepole: ak-so-ri-as. Akasoma maana. Akairudia, asije akakosea.

"Mama, ni mwanaume anapenda bibi yake kupita kiasi. Amesema alikuwa hivyo kwako, na hajutii."

Kaluki hakulia. Alikasirika kwanza, na nani angemlaumu?

"Miaka thelathini na nane ananiambia chumvi imezidi! Kikamba alikuwa nacho, Kiswahili alikuwa nacho. Kwani ilikuwa ngumu aje?"

Kisha akaomba simu iseme tena. Akajaribu. Ulimi ukakwama. Akajaribu tena na tena, kwa sauti ya chini, mpaka neno likatoka zima, na hapo ndipo machozi yakamshinda.

Muchiri alichungulia. "Mama, nichape?"

"Toa hiyo laini iko na hiyo neno kwanza," Kaluki akasema, akipangusa uso kwa leso. "Hapo alikuwa anaongea na mimi."