Neno la Shangazi Mlangoni

Mjinga wa siku ile alikuwa Kasuku, na hata yeye hakutafuta wa kugawana naye ujinga huo.

Kazi yake ilikuwa kukaa na maiki kando ya skrini katika banda la video, akitafsiri filamu za kigeni papo kwa papo na kuzitia chumvi. Zilizompa jina ni zile za wanyonya damu, vituko vitupu: jitu linaogopa jua, lakini linaendesha pikipiki mchana kweupe limeshika mwavuli, na stelingi, shujaa wa filamu, anamaliza jeshi zima kwa mguu wa kiti. Meno ya bandia yakimdondoka mnyonya damu katikati ya ngumi, Kasuku humsemea, “Subiri, niokote vyombo vyangu,” na banda zima huitikia naye.

Sehemu ya tatu ya filamu hizo ilipigwa picha mtaani kwao. Shangazi yake, fundi cherehani aliyemlea, akapewa nafasi ya kusimama mlangoni, kusema “Mwanangu, rudi ndani,” kisha kung'atwa. Hakuna mwingine aliyesema Kiswahili katika filamu zote hizo. Neno hilo alilifanyia mazoezi wiki nzima, mguu kwenye cherehani, Kasuku akijifanya mnyonya damu.

Filamu ilipofika bandani, shangazi alikaa mbele na mafundi wenzake, ndani ya gauni jipya.

Lakini mdomo uliozoea kusema hauombi ruhusa kwa akili. Shangazi alipofungua kinywa kwenye skrini, Kasuku naye akafungua chake: “Karibu mkwe, ila damu yangu ina sukari.”

Banda likaangua kicheko. Alikuwa ametafsiri Kiswahili kwa Kiswahili. Alipotupa jicho mbele, mafundi walikuwa wakifuta machozi ya kucheka. Shangazi alikuwa akitazama viganja vyake. Tangu hapo Kasuku hakutia tena utani. Stelingi alipigana karibu kimyakimya, watu wakadhani maiki imeharibika.

Walipotoka, Kasuku alimfuata shangazi hadi mlangoni. Akaomba radhi, akaahidi kumrudishia kipande chake hata mara kumi. Shangazi akawa anafunga vifungo vya koti tu. Kasuku, kwa kukosa pa kushika, akajitetea: sauti ya filamu ilikuwa mbovu, na watu hawajawahi kucheka vile.

“Halafu shangazi, ungesema nini na wewe unang'atwa pale pale?”

“Yule mnyonya damu ana adabu kukushinda,” shangazi akasema. “Alinisubiri nimalize.”